Supu ya njegere kavu kwenye slo kuka, na pilipili ya kutosha

Giza likiingia, yaani zile siku mwezi hauonekani usiku, nyumbani kwangu hakuna anayekaa jikoni mchana. Kwa asiyekaa huku, dagaa wa ziwa letu la Victoria wanavuliwa usiku kwa taa, kwahiyo mbalamwezi ikiwa kali taa hazivuti kitu na wavuvi wanapumzika zao, mwezi ukipotea ndo watu wanaingia majini na sisi tunaouza kwenye soko la samaki la Mwaloni Kirumba, Mwanza, tunakuwa hatuna hata muda wa kujikuna. Mzigo unashuka kutoka visiwani, magunia yanapimwa, wateja wa Kongo wamesimama, wa Burundi wamesimama, kila mtu anataka wa kwake kwanza. Natoka nyumbani saa kumi na mbili asubuhi narudi saa kumi jioni nanuka dagaa mpaka kwenye kope, na pale mlangoni kuna watu na njaa zao wananiangalia mimi. Mbalamwezi nina nafasi, napikaga maharage kwenye mkaa taratibu kama mtu mwingine yeyote. Ila giza, giza ni la slo kuka, chungu cha umeme kinachopika pole pole, na ndani ya slo kuka mara nyingi ni supu ya njegere kavu.

Hiyo slo kuka yenyewe niliinunua kwa mzungu mmoja alikuwa anahama Isamilo anauza vyombo vyake, na watu waligombania friji na blenda wakaiacha ile imekaa pembeni kama kitu hakina mwenyewe, maana ukiiangalia huelewi ni ya nini. Ni chungu kizito cha kauri kimekaa ndani ya kibweta chenye nyaya za moto ubavuni, juu kifuniko cha kioo, mbele kuna kitufe kimoja cha kuzungusha: moto mdogo, moto mkubwa, na kutunza joto. Basi. Hakuna saa, hakuna mlio. Kabla sijatoa hela niliipindua nikasoma chini, na hili nakuambia na wewe ulifanye kwa kitu chochote cha umeme cha mtumba: angalia volti. Zilizotoka Uingereza zimeandikwa 220 mpaka 240 na hizo zinatufaa, zilizotoka Marekani nyingi ni 120, ukichomeka kwenye umeme wetu wa 230 unasikia harufu kwanza halafu unaona moshi. Yangu ni ya lita 4.5 na imeandikwa wati 210.

Hizo wati 210 ndo zilimnyamazisha wifi yangu, maana tunakaa kiwanja kimoja na umeme wa LUKU tunachangia, siku ya kwanza kuona waya umechomekwa tangu asubuhi akaja juu.

"Wifi, umeme wa kutwa nzima kupika supu? Sisi ni matajiri wa Capri Point?"

Nikamwambia wifi kaa chini tupige hesabu. Pasi yako ina wati zaidi ya 1000, birika lako ni 2000 na kitu. Hii hata ikila wati zote 210 bila kupumzika kwa masaa 10 ni uniti 2 na kidogo, na kwenye moto mdogo inakula chini ya hapo. Sasa linganisha na mkaa wa kuchemsha kitu kigumu masaa matatu, na mtu wa kukaa pale kuchochea. Alikaa akahesabu tena kwenye simu yake, hakusema kitu, ila wiki hiyohiyo akaniuliza kama naweza kumwekea kongoro. Siku hizi kila mkutano wa mtaa unasikia nishati safi, serikali ilizindua mkakati wake mwaka 2024 inataka mpaka 2034 asilimia 80 ya Watanzania wawe wanapikia nishati safi, na watu wanawaza gesi tu, hiki chungu hakuna anayekitaja.

Na cha kuchekesha ni kwamba kilitengenezwa kwa ajili ya maharage. Mtu aliyekibuni anaitwa Irving Naxon, alikuwa Chicago, mama yake alikuwa anamsimulia jinsi kwao Lithuania Wayahudi walivyokuwa wanapeleka chungu cha maharage na nyama kwenye tanuri la mikate Ijumaa kabla jua halijazama, moto wa tanuri unafifia wenyewe usiku kucha, kesho yake sabato wanakula cha moto bila mtu kugusa moto. Naxon akatafuta jinsi ya kufanya hivyo kwa umeme, akapata hataza yake mwaka 1940, akakiita Naxon Beanery, yaani ni kama vile cha maharage tu. Kampuni nyingine ikamnunua mwaka 1970, mwaka uliofuata wakakipa sura mpya na jina la Crock-Pot ndo kikasambaa. Mimi nilivyosikia hiyo habari sikushangaa sana, bibi yangu kule Ukerewe makande ya kesho alikuwa anayaacha kwenye mafiga usiku, anavuta majivu juu ya makaa, asubuhi yameiva yenyewe. Tofauti yetu na Naxon ni waya tu.

Sasa niseme jambo lenyewe. Slo kuka inalainisha. Hiyo ndo kazi yake na kwa hiyo kazi hamna wa kushindana nayo. Ila ladha haikupikii. Watu wengi wanatupia kila kitu mle asubuhi, mbichi, wanamwagia maji wanafunika wanaenda kazini, jioni wanakuta kitu laini sana na hakina maana, wanasema chombo kibovu. Chombo hakina shida. Mle ndani joto linapanda pole pole mpaka linakaribia kuchemka na linakaa hapohapo, kifuniko kinarudisha mvuke wote chini, maji hayapungui, kitunguu kilichomo kwenye maji hakiwezi kuwa cha kahawia hata ukikiachia siku mbili, binzari haikaangiki. Kila harufu unayoipenda kwenye mchuzi wa sufuria imetokea kwenye mafuta ya moto au kwenye mchuzi kukauka, na mle havipo vyote viwili. Kwahiyo kazi ya ladha ni yako, unaifanya kabla ya kuwasha na unaifanya tena mwishoni, katikati unaiachia yenyewe.

Njegere zenyewe ni zile kavu zilizomenywa ganda na kupasuliwa vipande viwili, kuna za kijani na za njano. Huku kwetu hazilimwi, njegere inapenda baridi, sisi mbuga zetu za Misungwi na Kwimba na Magu ni za dengu na choroko, kwahiyo nazinunua kwenye maduka ya Wahindi mjini kati au supamaketi. Ukienda usiangalie rangi tu. Za njano zinafanana mno na dengu za kupasuliwa, zinakaa kwenye magunia yanayopakana na kijana wa dukani anaweza akakuchotea zozote. Mimi naangalia hivi: njegere ya kupasuliwa upande mmoja uko bapa kabisa na upande wa pili ni mviringo safi kama nusu ya gololi, dengu ina umbo la kukunjamanakunjamana kidogo na ni ndogo. Ukipata dengu sio mwisho wa dunia, supu itakuwa tamu, ila dengu inashikilia umbo lake, inaiva inakuwa laini na bado unaiona punje, wakati njegere inapasuka na kuyeyuka yenyewe, na huo uzito wa supu unatoka kwenye kule kuyeyuka. Choroko za kukoboa nazo zinayeyuka vizuri na bei yake ni ya kibinadamu, mwezi ambao njegere zimepanda napikia hizo na watoto hawajui.

Kitu kingine, uliza zimekaa dukani muda gani, au kama huwezi kuuliza zishike. Zilizozeeka zinakuwa na vumbi la unga mkononi na rangi imepauka, hizo hata uzipikie kutwa zinabaki na kiini kigumu. Za kupasuliwa hazihitaji kulowekwa usiku, hilo ndo raha yake ukilinganisha na maharage, maana ganda halipo na maji yanaingia moja kwa moja. Ila ungo lazima. Mwanangu wa pili ndo mchaguaji wangu, anakaa kibarazani na ungo anapepeta na kutupa vijiwe, na vijiwe vipo, vidogo vya rangi ileile ya njegere, kimoja tu kikikukuta kwenye jino utakumbuka. Baada ya hapo naosha mpaka maji yaache kutoa povu. Maji ya bomba letu yanatoka ziwani na ni laini, yanaivisha haraka. Dada yangu anayekaa mlimani anatumia ya kisima, yana chumvichumvi, na kwake njegere hizohizo zinachelewa karibu masaa mawili zaidi, ile chokaa iliyoko kwenye maji inafanya punje igome kulegea. Watu wa huku wangesema tia magadi, na kweli magadi yanalainisha, ila yanaleta ladha ya sabuni na yanaua vitamini, kwa njegere za kupasuliwa hayana sababu.

Wenyewe wa hii supu huko Ulaya na Marekani wanaipika na mfupa wa paja la nguruwe aliyekaushwa kwa moshi. Kwangu hiyo haiingii, nusu ya mezani pangu ni waislamu. Lakini ukikaa ukafikiria wanachokitafuta mle kwenye mfupa ni chumvi, mafuta kidogo na moshi, na mtu anayefanya kazi Mwaloni akikosa moshi atakuwa na lake. Sangara wa moshi yupo, kamongo wa moshi yupo, kayabo, sangara wa chumvi aliyekaushwa, nayo ipo ingawa ile ni chumvi zaidi kuliko moshi. Mimi nachukua sangara. Nachagua aliye mkavu kwa nje, ngozi rangi ya asali ya zamani, nikimbonyeza mgongoni nyama inagoma kidogo, na namnusa kwenye shavu maana huko ndo panaharibika kwanza. Akiwa na harufu kali ya kuchoma pua huyo amekaushwa haraka kwa moto mkali, ndani bado mbichi. Akiwa mwepesi sana kama karatasi ni mkavu kupita kiasi, utatafuna kamba.

Nikifika nyumbani jioni namgawa. Kichwa na mifupa na ngozi vinaingia kwenye sufuria na maji lita 2, vinachemka nusu saa hivi, nachuja kwa kitambaa. Usizidishe muda, mifupa ya samaki sio ya ng'ombe, ukiichemsha sana inatoa uchungu. Hiyo ndo maji ya supu yangu. Nyama naichambua kwa vidole, mwiba kwa mwiba, naweka friji, hiyo haiingii kwenye chungu mpaka kesho jioni. Ukikosa sangara wa moshi mapanki mabichi, ile mifupa ya sangara aliyetolewa minofu, yanatoa mchuzi mzuri pia, au mifupa ya ng'ombe, na hiyo ya ng'ombe unaweza kuiacha mle kutwa nzima bila wasiwasi.

Usiku huohuo nakaanga. Hapa ndo sifanyi haraka hata nikiwa nimechoka vipi. Kikaango, mafuta vijiko 3 vya chakula, vitunguu maji 2 vilivyokatwa vidogo, moto wa wastani, mpaka viwe kahawia kweli sio njano ya kudanganya, ni dakika 15 hivi. Vikishafika nasogeza pembeni, katikati ya kikaango natupa kijiko kimoja cha chai cha binzari nyembamba nzima, inaanza kuruka na kutoa sauti, ikibadilika rangi tu naongeza vitunguu saumu punje 6 na tangawizi ya ukubwa wa kidole gumba vilivyotwangwa pamoja, nageuza, halafu giligilani ya unga kijiko kimoja, manjano nusu kijiko, pilipili manga, na pilipili ya unga nusu kijiko. Unga wa viungo ukigusa mafuta hauhitaji hata dakika, ukiuacha unaungua na uchungu wake hautoki. Hapo namwaga kikombe cha ule mchuzi wa samaki, nakwangua chini ya kikaango kila kitu kilichoganda, maana ile kahawia iliyoshika chini ndo dhahabu yenyewe, nazima. Ikipoa naweka bakuli, friji. Jiko zima linanuka mpaka jirani anagonga kuuliza kuna wageni.

Kuhusu pilipili nisimame kidogo, maana mimi ni mpenzi wa pilipili na naona watu wanaitumia vibaya. Ukali wa pilipili unayeyuka kwenye mafuta, kwenye maji hauyeyuki vizuri. Kwahiyo ukitupia pilipili ndani ya maji na njegere, unapata kijiko kimoja hakina kitu na kijiko kinachofuata kinakutoa machozi. Ukali wa msingi, ule wa kusambaa kila sehemu, uweke kwenye mafuta wakati wa kukaanga, ndo maana ya ile nusu kijiko. Halafu harufu ya pilipili ni kitu kingine kabisa, hiyo inatoka kwenye pilipili mbuzi, ile ya njano iliyokunjamana, nzima haijakatwa na kikonyo chake. Na hiyo haikai mle kutwa. Masaa kumi inalegea, inapasuka, mbegu zinamwagika, na supu ya watoto inakuwa ya watu wazima peke yao. Inaingia saa nzima ya mwisho, inaelea juu, inaacha harufu yake, naitoa kwa kijiko kabla ya kupakua, anayetaka ukali zaidi anapewa hiyo anaipasulia kwenye bakuli lake. Shemeji yangu ndo mwenye hiyo kazi. Anatokwa jasho mpaka kwenye kichwa anasema ongeza.

Asubuhi kazi ni ya dakika 10. Vikombe 2 vya njegere, kama gramu 400 hivi, karoti 2 na kiazi ulaya kimoja vipande vidogo, vile vya kukaanga, na mchuzi wa samaki ambao nimeurudisha jikoni ukachemka. Uwe wa moto, hilo nalisisitiza, kwanza chungu kinafika kwenye joto mapema badala ya kupoteza masaa mawili kikijivuta, pili chakula hakikai muda mrefu kwenye uvuguvugu ambao vijidudu vinaupenda. Ila chungu chenyewe kiwe hakijatoka friji wala kwenye maji ya baridi, kauri haipendi kushtuliwa, inapasuka. Mwisho wa kujaza ni theluthi mbili, njegere zinavimba. Moto mdogo, kifuniko, naondoka. Chumvi bado, nyanya bado, ndimu bado.

Na nyumbani kuna sheria moja, hakuna kufunua. Kile kifuniko kinavyotoa jasho kwa ndani ndo kinavyoziba joto, ukifunua kuchungulia unaongeza karibu nusu saa ya kupika. Mwanangu mkubwa alikuwa na tabia ya kufunua akitoka shule ananusa anafunika, siku hizo nakuta njegere bado zinajivuta.

Kuhusu nyanya, hii ni ya watu wote waliozoea kuunga kila kitu na nyanya mwanzoni. Uchachu unafanya ngozi na kuta za punje zikaze. Wifi alipika choroko kwa staili yake mle, nyanya nne na ndimu asubuhi na mapema, jioni choroko zinasukumana na meno. Sio choroko mbovu, ni uchachu. Njegere zilainike kwanza, halafu nyanya, wala sio nyingi.

Saa kumi nikifika nanawa mikono, nafunua kwa mara ya kwanza. Juu inakuwa imetulia, kuna kama utando wa kijani na mafuta ya binzari yamejikusanya pembeni ya chungu. Ukichota na mwiko hakuna punje, ukiugeuza mwiko inadondoka kwa uzito, na mabaki ya karoti bado yamo ndani. Nasaga kidogo tu kwa kupondea mwiko ubavuni mwa chungu, sipeleki kwenye blenda, napenda iwe na vitu vya kutafuna. Hapo nageuza moto mkubwa, naingiza nyanya moja iliyokwanguliwa, ile nyama ya sangara, pilipili mbuzi nzima, naenda kuoga. Saa kumi na moja na kidogo naonja chumvi. Chumvi mwisho kwasababu samaki wa moshi ana yake na kayabo ndo usiseme, ukitia asubuhi kwa mazoea hutaweza kuitoa. Ndimu nusu, giligilani ya majani, imekwisha. Ile ndimu ukiiruka supu inakuwa nzito mdomoni inalala, ukikamulia kila kiungo kinaamka.

Mama mkwe alikuja kutoka Sengerema, alivuka daraja jipya la Kigongo Busisi anasifia hakukaa foleni ya kivuko, nikampakulia. Akazungusha kijiko.

"Mkamwana, hii ni supu au ni uji?"

"Ni supu mama, onja kwanza."

"Supu inashika kijiko?"

Nikamwambia mama, Uholanzi hii supu wanapima kwa kijiko, kisiposimama peke yake wanasema haijawa, na Waswidi wao ni chakula cha Alhamisi, kila Alhamisi njegere. Akasema kwao ni kwao. Akala na michembe ya viazi vitamu aliyokuja nayo mwenyewe, akaloweka moja moja kwenye bakuli, akaongeza. Tangu siku hiyo akipiga simu anauliza ule uji wa njegere unapika lini. Sasa hivi na mimi naipendelea na michembe kuliko mkate, ule utamu wa kiazi kikavu na pilipili vinaelewana.

Jirani aliyekuwa anagonga kwa ajili ya harufu naye akaniomba chungu apikie maharage mekundu yale makubwa, nikamwambia nakuazima ila sikiliza kwanza. Maharage mekundu mabichi yana sumu yake, inaisha tu kwa kuchemka kwa nguvu, na hiki chungu kwenye moto mdogo hakichemki kwa nguvu. Unaweza ukala yamelainika kabisa na ukatapika usiku kucha, na yaliyopikwa kwa uvuguvugu ni mabaya kuliko hata kuyatafuna mabichi. Kwahiyo loweka masaa matano au zaidi, mwaga yale maji, chemsha jikoni kwa moto mkali yatokote angalau dakika 10, wengine wanashauri 30 na mimi ndo nafuata hiyo, baada ya hapo ndo uingize kwenye slo kuka. Njegere za kupasuliwa na choroko hazina hiyo shida. Aliniangalia kama namnyima kwa ujanja, nikamchemshia mwenyewe.

Umeme nao. Ukikatika na wewe uko kazini hujui ulikatika saa ngapi ukarudi saa ngapi, na chungu kitakuwa kinaendelea kama vile hakuna kilichotokea. Mimi nina saa ndogo ya kuchomeka ukutani, umeme ukikatika inarudi sifuri, nikirudi nikikuta inapepesa najua. Kama wifi yupo ananipigia, na kama ni muda mfupi bila kufunua kifuniko kauri inatunza joto vizuri, ukirudi inaendelea. Kama umekatika zaidi ya masaa mawili asubuhi wakati bado haijaiva na hakuna aliyekuwepo kuhamishia kwenye gesi, naimwaga, hata kama roho inauma na sangara wangu alikuwa mzuri. Kuichemsha tena hakusaidii, kuna vijidudu vinaacha sumu ambayo moto hauitoi.

Ikibaki, na nafanya makusudi ibaki, naigawa kwenye vyombo vifupi ipoe haraka inaingia friji. Chungu cha kauri chenyewe nakiacha kipoe juu ya meza ndo nakiosha. Kesho yake supu inakuwa imeganda unaweza kuikata kwa kisu, watu wanashtuka, ni wanga wa njegere tu, ongeza maji ya moto kikombe kimoja kwenye sufuria koroga inarudi. Usiipashie kwenye slo kuka, inachukua muda mrefu sana kufika kwenye moto. Au ifanyie hivi ninavyofanya mimi, ichukue hivyohivyo imeganda, vikombe 2 vyake kwa vikombe 3 vya unga wa ngano, mafuta kidogo, kanda bila kuongeza maji mpaka uone kama inataka, acha ilale nusu saa, sukuma chapati. Zinatoka za kijani hivi zina pilipili na moshi wa samaki kwa mbali, naweka tatu kwenye kontena naenda nazo Mwaloni, wenzangu wa dagaa wanazila kabla hata ya saa nne haijafika.